Macho ya Yuli

Mutwiri alifungua kopo, nzi wakatoka.

Si nzi wa kuzaliwa. Hawa ni nzi-picha, mia sita hivi, kila mmoja mdogo kuliko punje ya mtama, na kila mmoja na jicho lake. Walipanda juu kama moshi wa kuni mbichi, wakatawanyika juu ya mabati ya Mtaa wa Esmeralda, na kabla hujahesabu hadi sitini walikuwa wameshaingia kila mahali. Jikoni mwa watu. Kwa kinyozi. Kwenye kamba za nguo. Mmoja alitua kwenye sikio la mbuzi akakaa hapo mchana mzima anarekodi tu.

"Wee kijana!" Don Ermo alipiga kelele dirishani. "Mwambie mdudu wako atoke kwenye supu yangu!"

"Hajaingia, mzee. Anaangalia tu."

"Ndivyo alivyosema mkwe wangu pia. Angalia sasa, mwaka wa sita anakula hapa."

Huu mtaa uko Nanyuki, pale mstari wa ikweta unapopita, na ukiinua kichwa unaona kilichouleta: Kamba. Kamba ya Anga ukitaka jina kamili. Chini imefungwa kwenye mwamba, juu imeshikwa na kituo kinachozunguka sambamba na dunia, umbali ambao gari la mizigo linaupanda kwa siku tano. Ukiwa mtaani unaona magari yanapanda kama sisimizi kwenye uzi. Kamba ya kwanza kabisa ilijengwa Ekwado, maana ikweta inapita huko pia, hivyo Kenya ilipotaka yake ikaita mafundi kutoka kule. Wakaja Waekwado, wakaja Wakolombia, wakaja na Wahondurasi kidogo. Hiyo ni miaka thelathini sasa. Wamezaa hapa, wamezika hapa, wanaongea Kiswahili cha Nanyuki hadi matusi. Lakini ukiuliza mtu mjini atakwambia "wale Walatino" na imeisha, kama vile wote walitoka tumbo moja. Tena ataongeza, "Watu wa ngoma hao. Hao hawajui shida."

Ndiyo maana kulikuwa na filamu. Kamba inafikisha miaka thelathini, watu wa sherehe wanataka filamu ya hali halisi kuhusu mtaa huo, na Studio Mwanzi ikampa kazi Mutwiri. Miaka ishirini na minne, filamu yake ya kwanza kama mwongozaji. Alikuwa halali vizuri kwa furaha. Na alikuwa na haraka. Mutwiri ni mtu wa kumaliza chai ikiwa bado inachoma.

Aliweka sharti moja zuri, tumpe haki yake: kila nyumba itoe kitu kimoja kutoka kwenye sanduku lake yenyewe. Video ya zamani, sauti, chochote. "Isiwe sisi tu tunawaangalia," alisema kwenye mkutano wa mtaa. "Mtuonyeshe na nyinyi." Watu wakapiga makofi.

Mama Yuli alileta kidonge cha kumbukumbu, kile cha mtindo wa zamani cha kuhifadhia video, kimefungwa kwenye kitambaa. Huyu mama kazi yake ni kushona glavu za wapanda Kamba. Anakaa mlangoni na sindano yake iliyopinda, anaziba matundu kwenye vidole, na hakuna fundi anayepanda bila glavu iliyopita mikononi mwake. Mutwiri alikuwa anampenda. Alikuwa ameshakula ndizi zake za kubondwa mara nne.

"Hii iko moja tu," Mama Yuli alisema. "Sina nyingine. Lakini usiifungue peke yako, sawa? Njoo nyumbani. Tukae, nikueleze."

"Nitakuja kesho, Mama Yuli."

Hakuja kesho. Akapita keshokutwa mbio, akapunga mkono. "Kesho, Mama Yuli, naapa!" Wiki iliyofuata ikawa vilevile, na Mama Yuli akacheka tu, akarudi kwenye sindano.

Sasa ngoja. Unajua huku kwetu mama haitwi jina lake. Mutwiri mwenyewe, mama yake anaitwa Mama Mutwiri tangu azaliwe, na ukimuuliza jirani jina la kanisani atakuna kichwa. Kwa hiyo mtaa mzima, Wakenya kwa Walatino, wanamwita yule mshona glavu Mama Yuli, na Mutwiri akamwita hivyo miezi miwili, na siku hata moja hakuuliza Yuli ni nani au yuko wapi. Nani anauliza? Hilo lilikuwa jina lake tu.

Pale studio kuna mashine inaitwa Mshonaji. Ukiiona hutasisimka. Ni kabati la kijivu, urefu wa friji, linanguruma kidogo. Lakini zamani wahariri kumi walikaa miezi wakikata na kuunga filamu moja. Mshonaji anafanya kwa siku mbili. Unamlisha picha zote, saa mia tisa, saa elfu, haijalishi. Anasoma nyuso za watu, kila msuli, anajua nani ana huzuni na nani anajifanya. Halafu anapanga: hiki mwanzo, hiki katikati, hapa watu watacheka. Na akikuta kasoro anajaza. Mtu kakatwa kichwa na ukingo wa picha, Mshonaji anamrudishia kichwa. Kivuli kimeficha mkono, anauonyesha mkono. Watu wa kazi hiyo wanaita kujaza, na siku hizi hakuna filamu isiyojazwa.

Mutwiri alikuwa anakula chapati Mshonaji alipofika kwenye kile kidonge.

"Kidonge namba kumi na saba," Mshonaji alisema kwa ile sauti yake ya mhudumu wa benki. "Sherehe ya kuzaliwa. Furaha, asilimia tisini na saba. Kasoro moja ndogo. Imejazwa."

"Safi. Endelea."

Hakuuliza kasoro gani. Alikuwa na chapati mdomoni.

Kilichotoka kilikuwa kitu cha ajabu. Chumba kidogo, ngoma mbili, wanawake wanapiga makofi na kuimba. Katikati mwanamke mnene anacheza huku amebeba mtoto wa miaka miwili hivi, gauni jeupe, taji la maua ya karatasi. Watu wote wanacheka, watoto wanazunguka na mishumaa. Halafu yule mtoto anafungua macho, meusi tii, anatazama kamera na kutabasamu. Mutwiri aliirudia mara sita. Ilimwingia hasa.

Bosi wake, Bi Nkirote, aliangalia amesimama mlangoni na funguo mkononi. Huyu mama huwa hasifu kitu. "Huyo mtoto weka mwanzo kabisa," alisema. "Kabla hata ya jina la filamu. Nitambandika kwenye kila kituo cha basi."

"Nataka kuwaonyesha wenyewe kwanza. Jumamosi."

"Wenyewe watataka ubadilishe. Wenyewe siku zote wanataka ubadilishe."

"Watapenda, bosi."

Na kusema kweli hakuwa anatafuta maoni yao. Alikuwa anataka kusifiwa.

Jumamosi saa nane mchana ukumbi wa chama cha mafundi ulijaa. Don Ermo amekaa mbele na fimbo yake. Pembeni yake Ubaldina, mwanamke mnene anayeuza mkate sokoni. Mutwiri alimtazama akamkumbuka: ndiye yule anayecheza na mtoto kwenye kidonge, sema sasa ana mvi. Akamkonyeza kama kusema subiri uone. Mama Yuli alikaa safu ya tatu, amevaa hereni. Mapazia yakafungwa.

Ngoma zikalia kwenye ukuta. Chumba kidogo, makofi, wimbo. Ukumbini watu wawili watatu walivuta pumzi, Mutwiri akafikiri ni furaha. Ubaldina akaonekana anacheza na mtoto mikononi.

Mtoto akafungua macho.

Hakuna aliyepiga kelele. Hilo ndilo Mutwiri alilisimulia baadaye, kwamba angeshukuru kama mtu angepiga kelele. Ubaldina alijishika mdomo kwa mikono miwili. Don Ermo alisimama, akainua fimbo kuelekea ukutani kama mtu anayemzuia ng'ombe. Filamu ikaendelea kivyake, jina likaja kwa herufi kubwa za njano, MAJIRANI WETU, na muziki wa furaha.

"Zima," Don Ermo alisema.

Mutwiri akazima.

"Nani amekwambia ufanye vile?"

"Vile vipi, mzee? Ni birthday ya—"

"Birthday!" Yule mzee akageukia watu kama anatafuta shahidi. "Amesema birthday."

"Ermo, keti," Ubaldina alisema. Alimjibu Mutwiri taratibu, kama unavyomwongelesha mtoto aliyevunja kitu. "Mwanangu. Yule mtoto amekufa. Kwenye ile video ameshakufa. Nimembeba maiti."

Mutwiri akakaa chini. Hakukuwa na kiti.

Basi wakamweleza, huyu akianza, yule akimalizia. Huko kwao Ekwado, pwani ya Esmeraldas iliyoupa mtaa jina, watu weusi wa kule, mtoto mdogo akifa hawalii. Wanaita chigualo. Mtoto ambaye hajafanya dhambi anakuwa malaika moja kwa moja, kwa hiyo wanamvalisha nyeupe, wanampigia ngoma, wanacheza michezo, na mama yake wa ubatizo anambeba na kucheza naye kumuaga. Na mama mzazi haruhusiwi kulia. Machozi yanalowesha mabawa, na malaika mwenye mabawa mabichi hafiki. Yuli alishikwa na homa ya siku tatu. Baba yake alikuwa juu, kituoni, zamu ya miezi sita, na huwezi kushuka kwa siku moja. Ndiyo maana Don Ermo alirekodi, ili baba aone huko juu. Aliona. Akaomba zamu nyingine, halafu nyingine. Sasa ni miaka tisa hajashuka.

"Na wale wengine?" Mutwiri aliuliza. "Hao wote wanacheka kwenye—"

"Tunacheka kwa kazi," Don Ermo alisema. "Unafikiri ni rahisi? Mimi nilipoacha kurekodi nilipiga ngoma mpaka asubuhi, nikaenda nyuma ya choo nikatapika."

Mutwiri akageuka kumtafuta Mama Yuli. Alikuwa bado amekaa safu ya tatu, hereni zake, mikono magotini.

"Rudisha," alisema.

"Mama Yuli, samahani, mimi si—"

"Nimesema rudisha. Pale anapofungua."

Watu wakaanza kumkataza na hakuwasikiliza. Mutwiri akarudisha. Mtoto akafungua macho, akatabasamu. Mama Yuli akainuka, akatembea mpaka ukutani, picha ikamwagikia mgongoni na mkononi. Akaangalia muda mrefu.

"Hayo si yake," alisema. "Ya Yuli hayakuwa meusi."

Akachukua mkoba wake akatoka.

Mutwiri hakulala. Jumapili asubuhi alikuwa mbele ya lile kabati la kijivu.

"Namba kumi na saba. Kasoro ilikuwa nini?"

"Mtoto amefumba macho muda wote wa sherehe," Mshonaji alisema. "Watazamaji hupungukiwa na furaha mhusika mkuu anapolala. Nilifungua macho na kuinua pembe za mdomo."

"Rangi ulitoa wapi?"

"Watoto wa jamii hii wana macho meusi, asilimia tisini na nne. Nilichagua inayowezekana zaidi."

"Ulichagua ya wengi."

"Ndiyo. Kuna tatizo?"

Utagombana na friji? Mutwiri akafuta kujaza kote. Picha asili ikarudi: mtoto mikononi mwa Ubaldina, amefumba macho, kidevu kimelegea kidogo. Ukijua unachotazama, huwezi kukosea. Akajiona mjinga wa kiwango ambacho hakina mashine ya kukipima.

Jumatatu akamwambia Bi Nkirote kwamba mwanzo umebadilika.

"Macho yamefungwa," Bi Nkirote alisema. "Umeniletea maiti kwenye sherehe ya Kamba."

"Ndiyo yenyewe, bosi. Ndiyo hali halisi."

"Mutwiri. Weka ngoma, toa mtoto. Ngoma tu. Hakuna atakayejua."

"Watasema wale ni watu wa ngoma. Hawajui shida."

Bi Nkirote akazungusha funguo. "Una wiki moja," alisema. "Na yule mama akubali kwa mdomo wake. Asipokubali, naweka mbuzi mwanzo."

Safari hii Mutwiri hakusema kesho. Alikwenda saa hiyo hiyo, bila nzi, bila kopo. Mama Yuli alikuwa mlangoni na glavu.

"Umekuja," alisema. "Kaa."

Akampa chai. Mutwiri akainywa polepole mpaka ikapoa, nadhani mara ya kwanza maishani. Akamwambia kila kitu, Mshonaji, chapati, asilimia tisini na nne. Akamwambia picha asili ipo salama, macho yamefungwa kama zamani, hakuna kilichopotea.

"Kwenye mashine," Mama Yuli alisema.

"Ndiyo."

"Sikiliza nikueleze, ile niliyotaka kukueleza. Picha zake zote zilikuwa kwenye ghala la data la wafanyakazi wa Kamba. Kampuni ikabadilika jina, ghala likafutwa. Ikabaki hiyo moja, na hapo ameshafumba. Kwa hiyo macho ya Yuli hayako kwenye kidonge chochote. Yako hapa." Akajigusa kipaji cha uso kwa kidole chenye kofia ya kushonea. "Miaka tisa nikishona, nikitaka, nafumba macho na ananiangalia. Tangu Jumamosi nikifumba, ananiangalia na yale meusi." Akavuta uzi. "Mashine yako umefuta. Mimi nifute wapi?"

Mutwiri akaweka kikombe chini. Halafu akauliza swali ambalo alipaswa kuuliza miezi miwili nyuma.

"Yuli alikuwaje?"

Mama Yuli akaweka glavu chini. "Macho yalikuwa ya kahawia. Lakini si kahawia ya kila mtu. Ngoja."

Akaingia jikoni akatoka na kipande cha sukari guru, akakiinua dirishani kwenye jua. "Hapana. Hii ina giza." Akainua kikombe cha Mutwiri kilichobakiwa na chai. "Hii ina wekundu." Akatoka nje akaita, na Ubaldina akaja na unga mikononi, akasikia habari, akarudi mbio kuleta chupa ya asali ya msituni.

"Asali!" Ubaldina alisema. "Mimi ndiye mama yake wa ubatizo, najua. Yalikuwa asali."

"Asali ya wapi, wewe," Don Ermo alisema mlangoni, fimbo kwapani. "Mtoto aliniangalia akiniibia maharagwe kwenye sahani. Macho ya mwizi. Yalikuwa kama hii." Akatoa kichupa mfukoni, oili mpya ya magari ya Kamba, ile inayokuja ikiwa safi kabla haijashika kazi.

"Unamfananisha mwanangu na oili?"

"Oili safi! Ya daraja la kwanza!"

Wakaanza kubishana. Alivyokuwa anaiba maharagwe. Alivyokuwa anaita kila mwanaume mwenye glavu baba. Alivyokataa kutembea mpaka siku alipoona mbuzi, akasimama akamfuata. Jirani mmoja akaleta ganda la kokwa, mwingine kitufe cha koti. Kila kitu kikapelekwa dirishani, kikaangaliwa, kikakataliwa, kikapangwa kwenye ubao wa dirisha. Mama Yuli alikuwa anacheka, na si kicheko cha kazi. Halafu akainua kichupa cha oili, akakisogeza karibu na asali, vyote viwili juani, akainamisha kichwa.

Chozi likashuka.

Ubaldina alirusha mkono haraka kulizuia kabla halijafika kidevuni, miaka tisa ya mazoea, lakini Mama Yuli akamshika mkono akauteremsha.

"Acha," alisema. "Atakuwa ameshafika."

Don Ermo alivua kofia.

Baadaye, vikombe vikioshwa, Mutwiri akamwomba ruhusa ya ile picha asili, na Mama Yuli akamwambia sawa, iweke mwanzo, macho yamefungwa, na sauti ya Ubaldina ieleze ni nini. Filamu ilionyeshwa siku ya sherehe. Wengine walitoka katikati. Bi Nkirote hakusema ni nzuri wala mbaya, alisema ni ndefu.

Vile vitu bado viko dirishani pa Mama Yuli, na kila mara kinaongezeka kimoja. Wapanda Kamba wakija kuchukua glavu wanaacha jiwe, chupa, kipande cha mbao. Asubuhi anajaribu kimoja juani kabla hajaanza kushona. Siku nyingine anasema ni hiki, siku nyingine anasema hapana.

Na Mutwiri, kila akiifungua ile filamu, Mshonaji anamwuliza kwa sauti yake ya mhudumu wa benki: "Mtoto amefumba macho. Nijaze?"

"Hapana," anasema, na kusubiri, kwa sababu mashine huuliza mara mbili.

"Hapana."